Uliza Ujibiwe: Kitabu cha Nyumba, cha Bunge na cha Kazi

Barua za mwezi huu zimebeba ombi moja kwa sura tofauti. Wasomaji wanataka kitabu kinachoeleza jinsi kitu kinavyoendeshwa kwa ndani: nyumba, Bunge, kazi. Tumezijibu tukiamini jambo moja, kwamba kitabu cha namna hii husomwa umesimama mbele ya kitu chenyewe. Kanuni za Bunge husomwa redio ikiwa wazi, sheria ya ajira husomwa hati ya mshahara ikiwa mkononi, na kitabu cha nyumba husomwa umeshika koki.

Tumehamia nyumba iliyokwisha kukaliwa na wengine. Shawa inatoa maji kama machozi, breka inajikata kila mtu akioga maji ya moto, na hakuna anayejua mabomba yamepita wapi. Tusome kitabu gani? (Msomaji, Morogoro)

Kitabu cha darasani kitakufundisha nyumba kwa ujumla wake. Nyumba yako inahitaji kitabu chake, na wa kukiandika ni wewe. Nunua kaunta buku moja, kisha anza na ukurasa ambao siku ya hatari utasomwa na mtu yeyote aliyemo ndani, hata mtoto wa darasa la nne: koki kuu ya maji iko wapi na inafungwa kuelekea upande gani, swichi kuu ya umeme iko wapi, namba ya mita ni ipi. Usiandike kwa kukumbuka. Nenda ukaifunge koki, fungua bomba la jikoni, uone kama maji yamekatika kweli. Koki nyingi za zamani zimekwama au hazizibi tena, na huwezi kulijua hilo mpaka siku bomba lipasuke.

Ukurasa wa pili ni wa maji, na hapo ndipo shawa yako inapoelezeka. Presha ya maji ya tanki hutokana na kimo, yaani urefu kutoka uso wa maji ndani ya tanki hadi kwenye kichwa cha shawa. Mita 10 za kimo hutoa takriban bar 1. Tanki lililo mita 3 juu ya shawa hutoa bar 0.3 tu, na sehemu ya hiyo huliwa na msuguano ndani ya bomba. Watu wengi hununua tanki kubwa zaidi wakidhani presha itapanda. Haipandi. Lita 500 na lita 5,000 zikiwa kwenye kimo kimoja zinasukuma sawa. Kinachosaidia ni kuinua mnara, kuweka pampu ndogo, au kubadilisha bomba linaloshuka kutoka kwenye tanki liwe la inchi 1 au robo tatu, halafu nusu inchi ianzie karibu na shawa. Kabla ya gharama zote hizo, fungua kichwa cha shawa ukitazame. Chumvi ya maji ya kisima huziba matundu yake taratibu, na kukiloweka kwenye siki usiku mmoja mara nyingi kunatosha.

Sasa umeme. Hita ya kuogea ya wati 5,500 kwenye umeme wa volti 230 inavuta karibu ampea 24. Waya wa mbili na nusu, yaani wa milimita mraba 2.5, ule uliokusudiwa soketi, kwa kawaida hulindwa na breka ya ampea 20, kwa hiyo breka inapojikata inafanya kazi yake. Kosa linalounguza nyumba ni fundi kuja na breka ya ampea 32, kuipachika pale pale na kuuacha waya ule ule. Breka itatulia, lakini waya utaanza kupata moto ndani ya ukuta. Hita inataka njia yake peke yake kutoka kwenye ubao wa breka: waya wa milimita mraba 4, na bora 6 kama njia ni ndefu, breka yake, na waya wa ethi uliofika mpaka kwenye fimbo iliyo ardhini. Kifuniko cha ubao kinafunguliwa na fundi mwenye leseni. Wewe kazi yako ni kujua cha kumuuliza.

Tofautisha pia breka hizo na kile kifaa kipana chenye kitufe kilichoandikwa T. Chenyewe hakihesabu mzigo, kinatafuta umeme unaovuja kwenda ardhini, na hukata ukifika kama miliampea 30, yaani sehemu 30 kati ya elfu moja za ampea, kabla haujamuua mtu. Kikikata, chomoa kila kitu, shusha breka zote, kirudishe juu, kisha pandisha breka moja moja. Inayokiangusha ndiyo njia yenye ugonjwa. Kama njia hiyo ni ya soketi, rudisha vifaa kimoja kimoja, na mara nyingi mwisho wa msako utakuta pasi au birika ambalo waya wake wa ndani umeingiwa maji. Kitufe cha T kibonye kila baada ya miezi mitatu na uandike tarehe daftarini. Kisipokata, kibadilishwe.

Mabomba yaliyozikwa hujulikana kwa chemba. Fungua mifuniko, mwaga ndoo ya maji chooni, uone yanatokea chemba ipi na kwa muda gani. Bomba la inchi 4 hutaka mteremko wa sentimita 2.5 kwa kila mita, maana yake njia ya mita 12 ishuke sentimita 30. Pima kwa mpira wa maji kama mafundi wanavyofanya. Mteremko ukiwa mdogo, uchafu mzito hubaki njiani. Harufu bafuni wakati hakuna kilichoziba mara nyingi ni trapu ya sakafuni, ile kona ya bomba inayoshika maji ili kuzuia harufu, iliyokauka, kwa hiyo mwagia lita moja ya maji kila wiki kwenye bafu lisilotumika.

Kila ukuta utakaofunguliwa siku za mbele, piga picha kabla haujapigwa lipu, na futi iwe imelazwa juu ya bomba ili kipimo kisomeke pichani. Na usiku mmoja funga bomba zote, soma mita ya maji, uisome tena alfajiri. Tone moja kila sekunde hukaribia lita 20 kwa siku.

Vitabu vya nyumba huzungumzia kuta na mabati. Je, kuna waliowahi kuandika juu ya kazi ya jikoni kama kazi? (Msomaji, Tanga)

Wapo, na kuna jiko moja ambalo lilizaliwa na fikra hizo. Mwaka 1926 mbunifu Margarete Schütte-Lihotzky alichora jiko la nyumba za wafanyakazi mjini Frankfurt, Ujerumani. Lilikuwa na upana wa mita 1.9 na urefu wa takriban mita 3.4. Alijifunza kutokana na majiko ya mabehewa ya chakula kwenye treni, akahesabu hatua za mpishi, akaweka sinki, meza ya kukatia karibu na dirisha na kabati za vyombo kwa namna ambayo mkono ungefikia karibu kila kitu bila mguu kusafiri. Vyakula vikavu viliwekwa kwenye droo za alumini zenye mdomo wa kumiminia. Majiko kama elfu kumi yalijengwa. Aliyesimamia mradi mzima wa nyumba hizo, Ernst May, alifika Tanganyika mwaka 1934 kama mkulima, kisha akafanya kazi ya ubunifu majengo Nairobi na kuchora mpango wa upanuzi wa Kampala.

Usilinakili jiko lile, dada. Lilikuwa na nafasi ya mtu mmoja tu. Binti hawezi kukaa kwenye mbuzi akakuna nazi huku mama anakaanga, na mtoto anayetambaa haonekani kutoka hapo. Nakili njia yake. Chora jiko lako kwenye karatasi ya daftari la hesabu, mraba mmoja uwe nusu futi. Mwombe mtu amfuate mpishi kwa mlo mmoja kamili, tuseme ugali, mchicha na samaki, na kila mpishi anapohama achore mstari. Baada ya saa moja utaona mstari mmoja umekuwa mweusi tii kwa kupitiwa mara nyingi, na kwa kawaida ni ule wa kutoka jikoni hadi kwenye ndoo ya maji. Kuhamisha ndoo ile hakugharimu shilingi.

Jambo la pili ni kimo. Simama, kunja kiwiko, pima kutoka sakafuni. Meza ya kukatia vitunguu iwe sentimita 10 hadi 15 chini ya kiwiko. Kazi ya nguvu hutaka chini zaidi, na kusonga ugali ni kazi ya nguvu. Mtu ambaye kiwiko chake kiko sentimita 100, meza yake iwe 85 hadi 90, lakini jiko la ugali liwe kama 70 au 75, kwa sababu sufuria nayo inaongeza kimo chake. Majiko ya kisasa yanayojengwa kwa usawa mmoja mwanzo hadi mwisho yanapendeza kwa macho na yanamchosha mama mabega. Kwa maoni yetu hilo ndilo kosa kubwa kuliko yote kwenye ramani za siku hizi, na fundi angeweza kulirekebisha kwa kushusha matofali mawili tu upande wa jiko. Kama unapikia mkaa, weka kwanza tundu la hewa juu na jingine chini. Mengine yote yangoje.

Nina mafundi sita wa kujenga. Nasikia kuna kitabu cha zamani kilichoeleza jinsi ya kuifanya kazi iende haraka bila kumchosha mtu. Kweli? (Fundi mkuu, Mbeya)

Bila shaka ni kile cha Frederick Taylor, Mmarekani, kilichotoka mwaka 1911. Ndani yake mna habari ya Frank Gilbreth, aliyeanza maisha kama mwashi, na inakuhusu moja kwa moja. Gilbreth alitazama kila mjongeo wa mwashi anayepanga tofali moja, akahesabu 18. Akaipunguza mijongeo hiyo ikawa 5. Kwa mujibu wa kitabu hicho, kutoka tofali 120 kwa saa mtu alifika 350.

Alifanya nini hasa? Alitengeneza jukwaa linalopandishwa kadiri ukuta unavyopanda, ili fundi asiiname mpaka miguuni kuchukua tofali. Kibarua alizichagua tofali mapema na kuzipanga kwenye fremu ya mbao, upande mzuri ukitazama ulipotakiwa, kwa hiyo fundi hakuigeuza tofali mara tatu mkononi akitafuta uso. Udongo wa saruji ulichanganywa kwa ulaini uliowezesha tofali kukaa kwa kuisukuma kwa kiganja, bila kuigonga kwa mpini wa mwiko. Na tofali na udongo vilikaa kwa mpangilio uliomwezesha kuchukua kimoja kwa kila mkono kwa wakati mmoja.

Tofali zako za saruji ni nzito kuliko zile, kwa hiyo usitarajie namba zile. Anza na kuinama. Weka tofali juu ya benchi la sentimita 60, karai la udongo juu ya jingine, umbali wa hatua moja kutoka ukutani. Kibarua mmoja alishe mafundi wawili, na udongo uchanganywe kidogo kidogo, kiasi cha kuisha ndani ya saa moja, maana ukianza kugandamana fundi huongeza maji na ukuta hupoteza nguvu.

Neno moja la tahadhari kuhusu kitabu hicho. Kiliandikwa kutoka upande wa meneja, na kinamtaka mfanyakazi atii karatasi aliyoandikiwa. Sisi tunasema mjongeo wa kupunguza anaujua zaidi anayeufanya. Kaeni chini na mafundi wako mkahesabu pamoja, na tofali zikiongezeka malipo yaongezeke. Usipofanya hivyo watarudi kwenye mwendo wa zamani, na watakuwa na haki.

Nasikiliza Bunge redioni. Mara "taarifa", mara "kuhusu utaratibu", mara mtu anashika shilingi ya Waziri. Nikisoma kitabu gani nitaelewa, na nianzie wapi? (Msomaji, Singida)

Vitabu ni vitatu, vyote vya Kiswahili: Katiba ya mwaka 1977, Kanuni za Kudumu za Bunge, ambazo Bunge hujitungia kwa mujibu wa Ibara ya 89, na Taarifa Rasmi ya majadiliano, ile tunayoiita Hansard. Wengi huanza na Kanuni, wakachoka ukurasa wa kumi. Anza na Hansard. Kwenye tovuti ya Bunge chukua ya siku moja uliyoisikiliza mwenyewe, uisome huku unakumbuka sauti.

Utakuta mpangilio haubadiliki sana: dua, hati zilizowasilishwa mezani, maswali na majibu, kisha hoja ya siku. Zingatia maneno yaliyo kwenye mabano. "Makofi" na "Kicheko" unayajua. Yanayobeba uzito ni kama "Hoja ilitolewa iamuliwe" na "Hoja iliamuliwa na kuafikiwa". Hapo ndipo kitu kimetokea. Kabla ya hapo watu walikuwa wanasema tu.

Sasa ile misamiati. Mbunge akisimama na kusema "taarifa", anataka kumwongezea au kumsahihishia jambo anayezungumza. Spika akiruhusu, baadaye humuuliza aliyekatizwa kama anaipokea, naye ana hiari ya kujibu "siipokei". "Kuhusu utaratibu" ni nzito zaidi, kwa sababu anayesimama anadai kanuni imevunjwa, na anatakiwa aitaje kanuni yenyewe. "Mwongozo" ni kumwomba Spika aeleze kama jambo lililotokea linaruhusiwa. Ukisikia kanuni ya ngapi imetajwa, fungua Kanuni hapo hapo. Kwa njia hiyo, baada ya wiki mbili utakuwa umesoma sehemu kubwa ya kitabu bila kukisoma kutoka mwanzo.

Shilingi ni habari ya bajeti. Ibara ya 99 ya Katiba hailiruhusu Bunge kushughulikia jambo la kutoza kodi au kutumia fedha za umma ila lililopendekezwa na Rais na kuwasilishwa na Waziri, isipokuwa kwa kupunguza. Mbunge hawezi kuiongezea barabara ya kwao fedha. Anachoweza ni kutoa hoja ya kupunguza, basi anashika shilingi kwenye mshahara wa Waziri ili Waziri abanwe, wengine wachangie, na jibu lipatikane. Akiridhika huirudisha. Asiporidhika hupigiwa kura. Haya hutokea Bunge linapokaa kama Kamati ya Matumizi, ndiyo maana utasikia "Mheshimiwa Mwenyekiti" badala ya "Mheshimiwa Spika", ingawa mara nyingi aliyekaa pale ni mtu yule yule. Muda ukiisha, mafungu yaliyobaki hupitishwa kwa mkupuo bila mjadala, na wabunge wenyewe huita hiyo gilotini. Kwa hiyo wizara yenye mambo mengi huweza kupita kwa dakika chache mwishoni. Sikiliza saa za mwisho kwa makini kuliko za mwanzo.

Muswada nao una njia yake. Kusomwa Mara ya Kwanza ni kutaja jina lake tu, hakuna mjadala. Unapelekwa kwenye kamati ya kudumu, na hapo ndipo wadau huitwa kutoa maoni. Mwananchi akitaka neno libadilike, mlango wake ni huo, na kwa muswada uliokuja kwa hati ya dharura mlango hufungwa upesi. Kusomwa Mara ya Pili ni hotuba ya Waziri, taarifa ya kamati na mjadala. Halafu Kamati ya Bunge Zima hupita ibara kwa ibara, na Hansard itakuandikia kila moja kama imepitishwa na mabadiliko au bila. Mara ya Tatu humaliza. Akidi, yaani idadi ya chini ya wabunge wanaotakiwa kuwapo, ni nusu ya wabunge wote, Ibara ya 95, nayo Kanuni zinaidai wakati wa kufanya maamuzi, ndiyo sababu viti vitupu unavyoviona kwenye televisheni wakati wa mjadala havisimamishi kazi. Rais akikataa kusaini, muswada hurudi na maelezo ya sababu. Ukipitishwa tena kwa theluthi mbili ya wabunge wote na kupelekwa kwake kabla miezi sita haijaisha tangu aurudishe, atausaini ndani ya siku 21 au alivunje Bunge.

Ukiwa na muswada mkononi, usome kuanzia mwisho. Nyuma kabisa pana "Madhumuni na Sababu", maelezo ya kawaida ya kila ibara imekuja kufanya nini. Kisha rudi kwenye ibara ya tafsiri, uone maneno yamepewa maana gani, kwa sababu neno "mfanyabiashara" likitafsiriwa kwa upana linaweza kumshika hata mama wa maandazi. Kisha tafuta mahali palipoandikwa "Waziri anaweza kutengeneza kanuni". Ada, fomu na masharti mengi huishia huko, kwenye kanuni ambazo Bunge halitazijadili kama lilivyoujadili muswada. Kisha adhabu.

Muswada wa marekebisho hauwezi kusomwa peke yake. Utakuta sentensi kama hii: kwa kufuta neno "na" lililopo baina ya aya (a) na (b) na kuweka badala yake neno "au". Peke yake haina ladha. Chukua sheria mama, kata kwa penseli, andika "au" juu yake, usome upya. Kama aya (a) inasema mwombaji awe na leseni na aya (b) inasema awe amelipa ada, kwa neno hilo moja masharti mawili yamekuwa moja. Fanya hivyo kwa kila ibara. Ni kazi ya jioni moja, na ndiyo njia pekee tunayoijua ya kukiona kilichobadilika. Na usichanganyikiwe na majina: kipande kile kile huitwa ibara kikiwa kwenye muswada, na kifungu kikishakuwa sheria.

Huku kwetu, mwananchi wa kawaida anaweza kupeleka jambo bungeni bila kupitia kwa mbunge? (Msomaji, Mombasa)

Ndiyo. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, Ibara ya 119, inampa kila mtu haki ya kuwasilisha ombi bungeni, hata la kutaka sheria itungwe, irekebishwe au ifutwe. Waweza kumpa mbunge aliwasilishe au ulipeleke kwa Karani wa Bunge mwenyewe, na Kiswahili kinakubalika sawa na Kiingereza. Liwe safi, bila maneno yaliyokatwakatwa au kuandikwa juu ya mengine. Lieleze jambo lenyewe, juhudi mlizokwisha fanya kwenye ofisi husika na jibu mlilopata, kama jambo liko mahakamani au la, na mwisho mnachoomba kifanyike. Majina, anwani, namba za vitambulisho na saini vifuate. Maombi hudhoofika kwenye ile sehemu ya juhudi: watu huandika "tumelalamika mara nyingi" bila tarehe wala nakala ya barua. Na chagua baraza sawasawa. Mambo ya kaunti yanaifaa Seneti.

Nafanya kazi ya mauzo dukani mwaka wa nne sasa, mshahara 520,000 kwa mwezi, bila karatasi yoyote. Bosi anasema bila mkataba sina haki. Kuna kitabu cha kuniondolea giza? (Msomaji, Arusha)

Kipo, ni Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini, Na. 6 ya 2004. Ni ya Tanzania Bara. Ndugu zetu wa Zanzibar wana Sheria ya Ajira Na. 11 ya 2005. Na bosi wako amekosea kabisa. Sheria inamtaka yeye akupe maelezo ya kazi kwa maandishi unapoanza: kazi yenyewe, mahali, saa, mshahara, aina ya mkataba. Shauri likifika mbele ya sheria na akashindwa kuyatoa, mzigo wa kuthibitisha au kukanusha sharti linalobishaniwa unakuwa wake. Karatasi aliyokunyima inamwelemea yeye.

Soma sehemu ya viwango vya ajira ukiwa na kalamu. Saa za kawaida hazizidi 45 kwa wiki, 9 kwa siku, siku 6. Saa za ziada zinahitaji makubaliano, hazizidi 50 ndani ya wiki nne, na hulipwa mara moja na nusu. Jedwali la sheria linagawanya mshahara wa mwezi kwa 4.333 kupata wa wiki. Wako ni kama 120,000. Gawanya kwa 45, saa moja ni 2,667, kwa hiyo saa ya ziada ni 4,000. Kama unafunga duka saa 2 usiku badala ya saa 12 jioni, na muda huo unazidi saa zako za kawaida, siku sita kwa wiki, hizo ni saa 12 za ziada kwa wiki, 48,000. Likizo ya mwaka ni siku 28 mfululizo zenye malipo. Ugonjwa una siku 126 ndani ya miezi 36, nusu ya kwanza mshahara kamili, nusu ya pili nusu mshahara, kwa cheti cha daktari. Uzazi siku 84, au 100 kwa mapacha.

Akikuachisha, notisi ya mfanyakazi anayelipwa kwa mwezi ni siku 28. Kiinua mgongo ni mshahara wa siku 7 kwa kila mwaka uliokamilika, kisichozidi miaka 10, isipokuwa kama umeachishwa kwa haki kwa utovu wa nidhamu. Siku yako moja ni 20,000, miaka mitatu iliyokamilika ni 420,000. Hifadhi ya jamii nayo hujumlisha asilimia 20 ya mshahara, na kwa kawaida nusu ni yako na nusu yake, yaani 52,000 kila upande. Hapa kosa la kawaida ni kukatwa dukani bila fedha kufika kwenye mfuko. Nenda NSSF na kitambulisho, omba taarifa ya michango, linganisha mwezi kwa mwezi.

Kuanzia leo kusanya ushahidi: ujumbe wa simu wa mshahara ulioingia, picha ya ratiba ya zamu, vitabu vya risiti ulivyoandika kwa mkono wako. Weka daftari la saa ya kuingia na kutoka, uandike siku ile ile, si mwisho wa mwezi.

Mgogoro ukitokea mlango ni Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, CMA. Jaza fomu CMA F.1. Kama umeachishwa kazi una siku 30 tangu siku ya kuachishwa. Madai mengine, kama ya malimbikizo, ni siku 60. Wengi hupoteza haki hapa: wanaambiwa "subiri tutaelewana", wanasubiri miezi miwili kwa heshima, kisha wanalazimika kujaza F.2 kuomba kusikilizwa nje ya muda na kueleza kila siku iliyopita. Fungua shauri, na mazungumzo yaendelee ndani yake, kwani usuluhishi wenyewe umepewa siku 30. Nakala ya F.1 mpelekee kwanza mwajiri, asaini kwamba amepokea. Akikataa kusaini, itume kwa rejista ya posta, na risiti uibandike nyuma ya fomu kabla hujaipeleka Tume.